Kujipikia Japani ukiwa safarini: anzia sokoni, na kabla ya yote jifunze dashi, supu ya msingi ya Kijapani

Watu wakisikia nilikaa Japani wiki tatu swali ni lile lile, ulikuwa unakula nini kule, samaki wabichi? Nikiwaambia nilikuwa naenda sokoni mwenyewe, nanunua, narudi napika msosi wa Kijapani, hawaamini, wanajua nilikuwa nachemsha tambi za pakiti. Sikatai, siku mbili za kwanza ilikuwa hivyo. Siku ya tatu nikanunua chupa ya kitu cha rangi ya dhahabu nikajua ni mafuta ya kupikia, nikamimina kwenye kikaango, nikawasha jiko, nasubiri yapate moto naona povu linapanda na harufu tamu tamu kama ya sukari guru. Kumbe ni mirin, kilevi cha mchele cha kupikia. Mama mwenye gesti akaja, akanusa, akacheka mpaka akashika meza, na kuanzia jioni ile akawa mwalimu wangu. Kijapani changu maneno ishirini, Kiingereza chake kama kumi hivi, tukaelewana kwa kuonyeshana.

Kwahiyo haya siyo ya mpishi, ni ya msafiri wa kawaida anayetaka kula vizuri bila kumaliza hela migahawani. Mimi nilikuwa Kyoto muda mwingi, mwezi wa tisa, halafu nikashuka Kochi kule kisiwa cha Shikoku, ila mengi utayakuta hivyo hivyo mji wowote.

Kwanza, pata pa kulala penye jiko

Hoteli za kawaida utapewa birika la maji ya moto basi. Tafuta gesti au hosteli yenye jiko la pamoja, au apatimenti zile za kupanga kwa wiki. Kabla hujalipa uliza mambo mawili: kuna sufuria yenye mfuniko? na je, wanaruhusu kuchoma samaki? Hili la pili usilicheke. Kuna sehemu moja nilichoma samaki saa mbili usiku, harufu ikapanda mpaka vyumba vya juu, asubuhi nikakuta karatasi mpya imebandikwa pale jikoni ina picha ya samaki na alama ya X nyekundu. Nilijua inanihusu.

Majiko mengi ya gesi ya kule yana droo nyembamba katikati, chini ya mafiga, mimi siku zote nilidhani ni ya kuwekea vitu. Ndo ya kuchomea samaki hiyo. Ya zamani unatia maji kidogo kwenye trei ya chini kwanza, mpya hazihitaji, uliza.

Alafu ukishafika, kabla hujaenda kununua hata chumvi, angalia shelfu ya jikoni. Wageni wanaoondoka huacha soya sosi, chumvi, mafuta, nusu pakiti ya hiki na kile.

Jua soko la kutazama na soko la kununulia

Hapa ndo watu wengi wanapoliwa hela. Kyoto kila mtu atakwambia nenda Nishiki, na kweli nenda, ni kichochoro kimefunikwa paa la rangi, urefu kama mita 390, maduka zaidi ya 100 yamebanana pande zote mbili, wenyeji wanakiita jiko la Kyoto. Lakini siku hizi nusu ya vitu vimechomekwa vijiti kwa ajili ya watalii na bei zake ni za watalii. Mimi Nishiki nilinunua vitu viwili tu, katsuobushi (samaki mkavu wa kuparuza, wa kutengenezea dashi) na achari za mboga (tsukemono), maana hapo wanaouza ni watu ambao kazi yao ni hiyo miaka nenda rudi. Mboga na samaki wa kila siku sikununua pale. Na usitembee unatafuna, wameweka vibao kabisa kukataza, ukinunua cha kula kula pale pale mbele ya duka, mpe muuzaji kijiti chako, endelea na safari.

Tokyo ni hadithi kama hiyo, soko la jumla la ndani la Tsukiji lilihamia Toyosu Oktoba 2018, ila maduka ya nje ya Tsukiji yamebaki na yanauza. Usiende Jumapili, na Jumatano chungulia kalenda yao kwanza maana kuna baadhi wanafunga.

Soko lililonikaa moyoni ni la Kochi, soko la Jumapili. Limekuwepo zaidi ya miaka 300, linapangwa barabarani kuanzia karibu na lango la ngome ya mji, mabanda kama kilomita nzima chini ya miti. Hapo hakuna maigizo. Bibi wa miaka themanini amekaa kwenye kiti kidogo na tangawizi zake bado zina udongo, pembeni maboga, kisu anauza, mche wa ndimu anauza. Ukiipanga safari yako vizuri iwe Jumapili moja uko Kochi utanikumbuka.

Lakini siku za kawaida? Mtaa wa maduka wa jirani, wanauita shotengai, vitongoji vingi vinao, muuza samaki wake, muuza mboga wake, muuza tofu (jibini ya soya) wake. Na supamaketi jioni. Kuanzia jioni jioni hivi mfanyakazi anazunguka na stika, anaanza asilimia kumi, ishirini, thelathini, na duka likikaribia kufunga anabandika 半額, hangaku, nusu bei. Hiyo alama ikariri kama namba yako ya simu. Utawaona watu wazima na heshima zao wanajifanya wanasoma lebo za tofu huku wanamfuata yule wa stika hatua tatu nyuma. Nilijiunga nao.

Na ukitoka nje kidogo ya mji unakuta kibanda cha mboga hakina mtu, mfuko wa biringanya yeni 100, kuna kopo unaweka sarafu unaondoka. Mujin hanbai wanaita. Weka hela jamani, usituaibishe.

Namna ya kununua bila kuwa kituko

Bei haina mazungumzo. Mimi nimezaliwa Tanga, kununua bila kupatana bei najiona kama nimeibiwa, lakini kule ukianza "punguza kidogo mama" unamtia mtu aibu tu. Kilichopo ni omake, na omake ni nyongeza ile ile yetu, ukinunua kwa adabu, umesalimia, umeuliza, umenunua vitu viwili vitatu, anakutupia limao au vitunguu viwili vya majani juu. Huombi, unapewa.

Mboga zinapangwa kwenye sahani au kikapu, wanahesabu hitoyama, maana yake mlima mmoja. Yani fungu. Nilipoelewa hilo neno soko zima likafunguka. Usichague moja moja kutoka kwenye fungu, na matunda usiyaminye minye, pichi moja ukiiacha na alama ya kidole umemharibia. Onyesha kwa mkono wote, siyo kidole, sema "kore o kudasai", naomba hii. Bei ni "ikura desu ka". Na swali lililonisaidia kuliko yote ni "osusume wa?", yani wewe unanishauri nini leo. Muuza samaki ukimuuliza hivyo anabadilika, anaacha kukuona mtalii.

Hela usimpe mkononi, weka kwenye kile kisahani kidogo, chenji atakurudishia hapo hapo. Tembea na keshi, vibanda vingi vidogo kadi hawana habari nayo. Kodi ya chakula ni asilimia 8, kwahiyo supamaketi utaona bei mbili kwenye kitu kimoja, ile iliyoandikwa kwa herufi nono mara nyingi ni kabla ya kodi, ndogo iliyojificha yenye 税込 ndo utakayolipa. Mfuko wa plastiki unauzwa tangu 2020, beba kikapu chako au mfuko wa nguo.

Lebo

Kamera ya simu yenye kutafsiri inasaidia ila inachanganya kwenye vitu muhimu, kwahiyo hizi alama jifunze kwa macho.

刺身用, sashimi-yo, ni samaki aliyeandaliwa kuliwa mbichi. 加熱用, kanetsu-yo, lazima apikwe. Siyo kwamba huyu wa pili ameoza, hapana, anaweza kuwa amevuliwa asubuhi ile ile, ila hakuandaliwa kwa kuliwa mbichi, na hii kwa chaza ni muhimu zaidi, usiwale wabichi wenye lebo hiyo hata kama wananukia bahari safi. Saba, yule jamaa yake kibua, ana minyoo inaitwa anisakis ambayo siki haiui na chumvi haiui, moto unaua, na barafu ya nyuzi 20 chini ya sifuri kwa saa 24 inaua. Wewe mgeni mpike tu.

豚 ni nguruwe. Ukiwa unamkwepa usiangalie nyama peke yake, angalia supu za pakiti, viungo vya unga, hata baadhi ya mikate ina mafuta yake. Mirin halisi ina kilevi kama asilimia 14, sake ya kupikia pia ni kilevi, na hata soya sosi na miso (rojo nzito ya soya iliyochachushwa) nyingi zimeongezwa kidogo, utaona 酒精 kwenye orodha ya viungo. Zisizo nazo zipo, na zenye cheti cha halali zipo, ila uzitafute. Badala ya mirin mimi nilitia sukari nusu kijiko na maji, mama wa gesti alionja akasema sawa, kwa sura ya mtu asiyetaka kuniumiza.

Lebo zingine zinafurahisha tu. Pweza wa supamaketi, geuza pakiti, mara nyingi imeandikwa ametoka Mauritania au Morocco. Nimesafiri mpaka Japani kununua pweza wa Afrika. Na ufuta, karibu wote wanaoutumia wanauagiza nje, Tanzania ikiwa mojawapo ya wanaouza, kwahiyo ule ufuta juu ya wali wako huenda umetoka Lindi au Mtwara, nani ajuaye.

Sasa dashi, hapa ndo penyewe

Kama utasoma sehemu moja tu soma hii. Mapishi ya Kijapani nilikuwa nayaona mengi na magumu mpaka mama aliponionyesha kwamba karibu yote yamekalia kitu kimoja, dashi, ile supu nyepesi ya mwani na samaki mkavu, na sisi watu wa pwani dashi tunaielewa kuliko hata wazungu, kwasababu dashi ni tui. Siyo kwa ladha, kwa kazi. Kuna dashi ya kwanza, ichiban dashi, hiyo ni kasimile yako, nzito ya harufu, ya supu safi. Kuna ya pili, niban dashi, ni tui la pili, la kuchemshia maboga na magimbi. Na kuna chicha. Mtu akijua kupika na nazi anajua tayari lipi linaingia wapi.

Vitu viwili. Kombu, mwani mkavu mpana kama mkanda, karibu wote unatoka Hokkaido kule kaskazini. Ule unga mweupe juu yake siyo ukungu, usiuoshe, ndo utamu wenyewe, futa tu vumbi na kitambaa. (Kwetu mwani unalimwa Paje na Jambiani lakini tunauuza nje kwenda viwandani, kuula hatuuli.) Profesa mmoja wa kemia Tokyo, Kikunae Ikeda, mwaka 1908 aliutoa ule utamu kutoka kwenye kombu akaupa jina umami, na ile chumvi ya kichina ya kwenye pakiti ilianzia hapo.

Cha pili katsuobushi, huyu ni katsuo, ndugu yake jodari, kachemshwa, kafukizwa moshi, kakaushwa mpaka kawa mgumu kuliko ng'onda yoyote uliyowahi kuona, ukigonganisha vipande viwili vinalia kama vijiti. Wanamparuza kwenye kiboksi chenye kisu juu, kama randa ya fundi seremala imegeuzwa, na mama alipokitoa nikacheka maana ni mbuzi ya kukunia nazi kabisa, tofauti huikalii. Wewe nunua yaliyokwisha parazwa, vile vipande vyepesi kama maranda.

Fanya hivi. Maji lita 1, kombu gramu 10, kipande kama kiganja chako. Loweka nusu saa, au ukilala iache kwenye friji mpaka asubuhi. Washa moto mdogo, mdogo kabisa, kama dakika kumi. Ukiona vipovu vidogo vinaanza kupanda pembeni ya sufuria toa kombu. USISUBIRI ICHEMKE. Mara ya kwanza mimi niliiacha ikachemka robo saa nikiamini ndo inakolea, nikapata maji yanavutika kama mlenda na harufu ya bandari. Ukishatoa kombu acha maji yachemke, zima, mwagia katsuobushi gramu 20, makonzi mawili makubwa, usikoroge. Dakika moja, mbili, vinazama vyenyewe. Chuja kwa kitambaa au karatasi ya jikoni.

Na hapa ndo nilipopigwa kofi la mkono. Mkono uliokulia kwenye nazi ukiona kitu kwenye chujio unataka kukamua, nikakamua, mama akanichapa vidole, "dame dame dame", yani hapana, usifanye. Ya kwanza haikamuliwi, inadondoka yenyewe, ukikamua inakuwa chungu na chafu. Rangi yake inatakiwa iwe kama chai ya rangi nyepesi sana, uone mpaka chini ya bakuli.

Ya pili: rudisha kombu na yale maranda kwenye sufuria, maji nusu lita, moto mdogo dakika kumi, tupia konzi dogo la katsuobushi mpya, chuja, hii unaruhusiwa kukamua kidogo. Chicha usitupe, katakata, kaanga bila mafuta na soya sosi kijiko, sukari kidogo, ufuta, ikauke, unakula juu ya wali siku tatu.

Kama huna muda nunua dashi ya unga, iko supamaketi yoyote, na majumbani wanaitumia kila siku bila aibu, kama tui la kopo tu. Ila tengeneza ile halisi angalau mara moja ujue unga unaigiza nini.

Wali wao siyo wali wetu

Hakuna mafuta, hakuna chumvi, hakuna nazi. Kubali tu, maana kila kinachokuja pembeni kina chumvi yake. Kipimo ni go, ml 180, karibu gramu 150 za mchele, inatosha mtu mmoja mwenye njaa au wawili wa kawaida. Mchele ulipanda sana, 2025 mfuko wa kilo 5 ulikuwa unapita yeni 4,000, kwahiyo msafiri nunua mfuko mdogo.

Osha. Maji ya kwanza mwaga haraka kabla mchele haujayanywa, halafu usugue kwa mkono taratibu, badilisha maji mara tatu nne mpaka uone punje vizuri. Loweka nusu saa, watu wanaruka hapa na ndo maana wali wao unatoka na kiini kigumu. Go moja kwa maji ml 200. Ichemke, punguza moto, dakika 10 mpaka 12, zima, dakika 10 nyingine bila kufunua. Vidole vyako viweke mfukoni. Ukifunua, geuza kutoka chini, utakuta umeshikana shikana, usidhani umeharibu, ndo unavyotakiwa, vinginevyo vijiti vitaushikaje?

Sokoni ndo panakwambia upike nini

Usiende na menyu kichwani. Nenda na dashi kwenye friji, uone fungu lipi zuri. Mboga nyingi ni ndugu zako wamebadili majina: okura ni bamia, nasu biringanya, satoimo ni magimbi madogo, satsuma-imo viazi vitamu, goya ni karela. Halafu siku ya pili sokoni naona majani nayajua kabisa, nauliza, naambiwa moroheiya. Wewe, ni MLENDA. Nilinunua mafungu mawili hapo hapo kwa furaha tu.

Mlenda wao: maji ya moto yenye chumvi, majani dakika moja, toa, maji ya baridi, kamua, katakata mpaka uanze kuvutika, weka kwenye bakuli na dashi ya kwanza vijiko vitatu, soya sosi kijiko kidogo, katsuobushi juu. Basi. Huo mvuto wanauita neba-neba na wanaupenda kama Wagogo wanavyoupenda.

Supu ya miso: dashi ya kwanza ml 180 kwa mtu. Tofu ya kukatakata, mwani wa wakame, vichemke kidogo, zima moto ndo uweke miso, kijiko kimoja cha chakula kwa mtu, iweke kwenye upawa uiyeyushe na uma humo humo kabla ya kuiachia. Ikichemka na miso harufu yote inakimbia. Kitunguu cha majani mwisho.

Boga, kabocha no nimono: robo boga, kata vipande vya kuumwa mara mbili na maganda yake, panga ganda chini, dashi ya pili ml 200, sukari kijiko kikubwa, mirin kijiko kikubwa au maji na sukari kama nilivyosema, dakika tano kisha soya sosi kijiko kikubwa. Funika na karatasi ya foili iliyotobolewa tundu, iguse boga lenyewe, siyo juu ya sufuria. Dakika nane tisa, zima, liache lipoe kidogo maana linanyonya utamu likiwa linapoa. Mama alinifundisha utaratibu wa viungo, sa shi su se so: sato sukari, shio chumvi, su siki, se ni soya sosi kwa tahajia ya zamani, so miso. Sukari kwanza kwasababu inachelewa kuingia, miso mwisho. Nilimwambia kwetu watoto nao wanaimba hivyo shuleni, sa se si so su, ila sisi hatupati supu mwishoni.

Samaki: muulize muuza samaki akutengenezee, "sanmai ni oroshite kudasai", atakupasulia vipande viwili na mfupa pembeni, mara nyingi bila kukutoza. Mfupa chukua, ni supu. Chukua yule saba, vipande vyake viwili, chumvi pande zote, acha dakika 20, atatoa maji, futa hayo maji vizuri kwa karatasi kwasababu ndo yenye shombo. Ingiza kwenye droo, ngozi juu, kama dakika nane mpaka ngozi ianze kuvimba na kupasuka. Pembeni figili kubwa nyeupe, daikon, imeparuzwa na kukamuliwa, matone ya soya sosi. Mwezi wa tisa na wa kumi ukikuta sanma, mwembamba mrefu kama kisu, fanya hivyo hivyo, mzima mzima.

Pilipili utaikumbuka. Tafuta yuzu kosho, pilipili mbichi ya kusaga na maganda ya yuzu (tunda jamii ya ndimu) na chumvi, asili yake Kyushu, kichupa kidogo, inawasha kweli siyo utani. Kwenye supu ya samaki ni kama umeweka ndimu na pilipili kwa pamoja. Nimerudi na vichupa vitatu.

Ukimaliza

Mafuta usimwage kwenye sinki, kuna unga unauzwa kwenye maduka ya yeni mia, unatia mafuta yakiwa moto, yanaganda, unatupa kama kipande cha sabuni. Taka zinatenganishwa na kila mji una sheria zake, Kyoto mfuko wa njano ni wa taka za kuchomwa, chupa na makopo kwenye mfuko unaoonyesha ndani, na trei za samaki zioshe kabla ya kutupa. Uliza mara moja siku ya kwanza, watakuonyesha kwa furaha, ukikosea ndo karatasi yenye X inarudi.

Na siku ya kuondoka kombu na katsuobushi ni vyepesi, vitie kwenye begi vikiwa vimefungwa vizuri visishike unyevu. Soya sosi, chumvi, mchele uliobaki, ile mirin, acha kwenye shelfu ya jikoni, andika karatasi "gojiyu ni dozo", yani chukua tu. Juu ya mirin mimi nilichora chupa ya mafuta na kuikata.